Nani Atawapiga Filamu Mafundi Wetu?

Ukimwuliza mwanafunzi wa kidato cha nne katika shule yetu atakuwa nani baada ya masomo, atakujibu kuwa atakuwa daktari, mwalimu, mhandisi, mwanasheria au askari. Siku hizi wako pia wanaotaja madini, kwa sababu ya habari za kinywe kule Ruangwa na nikeli hapa Nachingwea. Kazi hizo zote ni njema, sina neno juu yake. Lakini iko kazi moja ambayo sijapata kumsikia mwenzangu akiitaja, nami nilipoitaja katika mdahalo wa muhula uliopita nilichekwa. Ni kazi ya kutengeneza filamu za makala, yaani filamu za habari za kweli zisizo na waigizaji, na hasa filamu za watu wa sanaa: wachongaji, wachoraji, wafinyanzi, waimbaji, na wabunifu wa nguo na nembo. Wenzangu walisema hiyo si kazi bali ni mchezo wa watu wenye simu kubwa. Katika mdahalo nilipewa dakika tatu, na kengele ikagongwa nikiwa bado natoa salamu. Basi nimeomba nafasi katika gazeti letu ili niwajibu kwa utaratibu.

Nianze na jambo ambalo kila mmoja wetu analijua kwa macho. Tazameni nembo ya Taifa: ngao na mwenge, shoka na jembe, mlima Kilimanjaro, bwana na bibi walioshika pembe za ndovu, na chini yake maneno Uhuru na Umoja. Imo katika barua za Serikali na juu ya jalada la pasi ya kusafiria. Je, ni nani aliyeichora? Mwaka 2017 mzee mmoja aliyekuwa akiishi kwa dhiki Buguruni, Dar es Salaam, Francis Maige Kanyasu, ambaye watu walimwita Ngosha, alitangazwa katika magazeti na televisheni kuwa ndiye mchoraji. Akapelekwa hospitali ya Muhimbili, na mwezi wa Mei mwaka huo huo akafariki. Wengine wakasema hapana, aliyeichora ni Abdallah Farhan wa Zanzibar. Ubishi huo haujaisha. Mimi si mwamuzi wa jambo hilo, wala sina ushahidi. Ninalosema ni kwamba tangu Uhuru mwaka 1961 mpaka mwaka 2017 ni miaka hamsini na sita, na katika muda huo wote lau angalipatikana mtu mwenye kamera na subira, akaketi na kila mzee aliyehusika, akampa karatasi na penseli na kumwambia, "Mzee, nionyeshe ulianzia wapi," leo tungekuwa na mkono wa kuutazama. Mkono wa mchoraji hausemi uwongo kwa urahisi. Ulimi waweza kusahau, na karatasi ya ofisini yaweza kuliwa na mchwa.

Wenzangu wanaonicheka wadhani filamu ya makala ni kumwelekezea mtu kamera na kubonyeza. Sivyo. Mtu anayefanya kazi hii huweza kukaa na msanii mmoja miezi au hata miaka. Hupiga makumi ya saa ili apate saa moja ya kuonyesha watu, na zile saa nyingine zote hukaa akizitazama na kuzipunguza, usiku na mchana, kama mtu anayepepeta mtama. Sauti nayo ni kazi ya peke yake. Picha nzuri yenye sauti mbovu haitazamiki, lakini sauti nzuri huweza kuibeba picha mbaya.

Mfano ninaoupenda ni wa Bi Kidude, yaani Fatuma binti Baraka wa Unguja. Mwingereza mmoja, Andy Jones, alimfuata bibi huyo na kamera yake, nyumbani na safarini, na mwaka 2006 ikatoka filamu iitwayo As Old as My Tongue, maana yake "mzee kama ulimi wangu." Mwaka mmoja kabla ya hapo Bi Kidude alikuwa amepewa tuzo kubwa ya muziki ya WOMEX huko Ulaya. Katika filamu hiyo haonekani jukwaani tu. Twamwona pia akitembea mitaani, akipiga ngoma, akicheka, na akivuta sigara (jambo ambalo walimu wetu wa nidhamu wasingelipenda). Bi Kidude alifariki tarehe 17 Aprili 2013. Jones akatengeneza filamu ya pili, I Shot Bi Kidude, juu ya miaka yake ya mwisho. Jina hilo lina mzaha wa Kiingereza, kwa kuwa kwa lugha yao kumpiga mtu risasi na kumpiga picha huweza kuwa neno moja. Nasi pia katika Kiswahili twasema kumpiga mtu picha, kama tusemavyo kupiga ngoma na kupiga pasi. Sijui kama ni bahati au ni hekima, lakini neno hilo lakumbusha kwamba anayepigwa huweza kuumia.

Sasa mfikirieni Siti binti Saad, ambaye Bi Kidude alizifuata nyimbo zake. Siti alikwenda Bombay mwaka 1928 kutia nyimbo katika sahani za santuri, akafariki mwaka 1950. Sauti yake ipo, na Shaaban Robert alituandikia wasifu wake, kitabu ambacho ni heshima kwa lugha yetu. Lakini mimi sijapata kuona picha yake hata moja inayotembea. Alikuwa akiketi vipi alipoanza wimbo? Aliwatazamaje wapigaji wake ili wajue pa kunyamaza? Habari kama hizo, kitabu hata kikiwa kizuri namna gani hakiwezi kuzitoa zote. Kati ya Siti na Bi Kidude imo tofauti ya kamera moja tu.

Hapa ndipo nifikapo kwenye hoja yangu kubwa. Bi Kidude hakuwa mwimbaji wa taarabu peke yake. Alikuwa pia mwalimu wa unyago. Na unyago ule wa Unguja ulivuka bahari pamoja na watu wa bara, wengi wao wa pande zetu hizi za kusini. Sisi Wamwera, Wamakonde, Wayao na Wamakua twaujua unyago na jando tangu utotoni, na twajua ya kuwa yako mambo yanayochezwa uwanjani mbele ya watu wote, na yako mambo ya ndani ambayo hayasemwi kwa asiyeingia. Mimi ni mvulana, sijui wafundishwayo dada zangu, na sitaki kujua. Vile vile kuna midimu, vinyago vinavyovaliwa usoni wakati wa ngoma, ambavyo mvaaji wake hatajwi kwa jina hata kama watu wote wamemtambua kwa miguu yake.

Basi mtu atakayekuja kupiga filamu za sanaa ya kusini anapaswa kwanza kujua wakati wa kuzima kamera. Hilo halifundishwi katika kitabu cha namna ya kutumia kamera. Hufundishwa na bibi na babu, na kwa miaka mingi. Ndiyo maana nasema kazi hii yafaa ifanywe na mtoto wa hapa. Wageni hatuwakatai. Tungeshukuru kwamba Bwana Jones alikwenda Unguja, maana kama asingekwenda huenda tungekuwa na picha za harusini na za simu tu. Tena yafaa nikiri ubora mmoja wa mgeni: huuliza jambo ambalo mwenyeji aona haya kuliuliza, au adhani kila mtu alijua. Mimi mwenyewe sijawahi kumwuliza babu yangu mzaa mama kwa nini mchongaji hukaa chini na kulishika gogo kwa nyayo. Nilidhani ndivyo binadamu anavyochonga. Lakini mgeni huondoka, na filamu huondoka naye.

Tazameni historia yetu wenyewe. Kati ya mwaka 1935 na 1937 kulikuwa na kituo cha kutengeneza filamu Vugiri, katika milima ya Usambara, ambako Waingereza Notcutt na Latham walitengeneza filamu thelathini na tano za kuwafunza Waafrika habari za ngozi, kilimo, akiba ya posta na mambo kama hayo. Zilizungushwa kwa motakaa na kuonyeshwa watu vijijini. Labda zilifaa kwa kazi yake. Lakini zilikuja kutufundisha, hazikuja kutuuliza. Na Nachingwea yetu je? Dunia iliisikia mara mbili. Mara ya kwanza ni kwa ajili ya mpango wa karanga wa Waingereza ulioanza mwaka 1947 ukashindwa, na mara ya pili kwa ajili ya kambi ya wapigania uhuru wa FRELIMO. Mwaka 1975 Dragutin Popović, mtu wa Yugoslavia, nchi ambayo sasa haipo tena, alitengeneza filamu yenye jina la Nachingwea. Nadhani wachache sana miongoni mwetu walijua kwamba mji wetu una filamu yenye jina lake. Ilikuwa filamu ya vita vya ukombozi, na ni haki iwe hivyo. Lakini fundi wa ngoma wa Marambo, mama afinyangaye vyungu, na mzee achongaye mpingo hawajapata zamu yao.

Na zamu hiyo haitangoji sana. Edward Saidi Tingatinga alizaliwa wilaya ya Tunduru mwaka 1932. Alianza kuchora Dar es Salaam katika miaka ya mwisho ya 1960, kwa rangi za mafuta juu ya vibao vya dari, na mwaka 1972 akapigwa risasi na polisi kwa makosa, akafa. Ni miaka minne au zaidi kidogo ya kuchora! Leo jina lake ni jina la mtindo mzima unaouzwa duniani kote, lakini ukitaka kujua alivyochovya brashi yake, wategemea maneno ya waliomwona. George Lilanga, mzaliwa wa mkoa wetu wa Lindi, aliingia Nyumba ya Sanaa ya Dar es Salaam kama mlinzi, akatoka akiwa msanii ambaye kazi zake zilionyeshwa Ulaya, Marekani na Japani. Alifariki mwaka 2005. Nimewauliza wanafunzi kumi na wawili wa bweni letu kama wamepata kulisikia jina lake. Mmoja alisema ni mchezaji wa mpira. Wengine hawakusema kitu.

Nirudi kwa babu, kwa kuwa ndiye aliyenitia katika fikira hizi. Yeye si mtu mashuhuri, wala hatakuwa. Huchonga mpingo kwa shoka, tezo, patasi na tupa, kisha husugua kwa msasa. Gogo la mpingo lina mti mweupe kwa nje, na moyo mweusi kwa ndani. Likizo iliyopita alikuwa akichonga akiwa ameufumba mmoja wa macho yake, ambao umeingia mtoto wa jicho, nami nikamwuliza ajuaje amefika kwenye weusi. Akasema, "Sikiliza." Kwa kweli tezo ilikuwa ikilia kwa sauti laini, halafu ghafula ikawa kama inagonga chuma. Miaka kumi na saba nimeisikia sauti ile bila kuisikia. Wajomba zangu wawili wako Mwenge, Dar es Salaam, wanauza vinyago, lakini wao wenyewe hununua kwa wengine wakauza, hawachongi. Akiondoka mzee, sauti ile katika ukoo wetu itakuwa imekwisha. Waweza kukiweka kinyago katika jumba la makumbusho, lakini kinyago kilichokwisha ni kimya. Anayehitajika ni mtu atakayekiweka kipaza sauti karibu na tezo.

Labda mtu atauliza: je, kazi hii yamlisha mtu? Nimeuliza, na nimesoma kiasi. Jibu la kweli ni kwamba haimtajirishi mtu upesi, na wengi huichanganya na kazi nyingine. Judy Kibinge wa Kenya alikuwa na kazi nzuri katika kampuni ya matangazo ya biashara, akaiacha akawa mtengeneza filamu, na baadaye akaanzisha Nairobi mfuko wa Docubox unaowasaidia watengenezaji wa filamu za makala wa Afrika ya Mashariki. Maana yake ni kwamba msaada hautoki Ulaya peke yake. Kwetu Tanzania yupo Amil Shivji, ambaye kaka zetu wa kidato cha tano na cha sita watamjua kwa kuwa ndiye aliyeitengeneza filamu ya Vuta N'kuvute mwaka 2021, kutokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi. Kabla yake, mwaka 2018, yeye na Rebecca Corey walitoa filamu ya makala iitwayo Wahenga, juu ya wanamuziki wa zamani wa dansi, wale wa zilipendwa. Tazameni basi: mtu mmoja aweza kutengeneza hadithi na makala, na akafundisha pia chuoni. Zanzibar liko Tamasha la Filamu la Nchi za Jahazi tangu mwaka 1998, ambako filamu kama hizi hupata watazamaji. Na kwa anayetaka kujifunza, iko taasisi ya sanaa ya Bagamoyo na iko idara ya sanaa ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Tena masomo tunayosoma hapa hayapotei. Fizikia ndiyo habari ya mwanga na sauti. Historia hukufundisha kuuliza. Na Kiswahili, ambacho wengine wetu hukidharau kwa kudhani wamezaliwa nacho, ndicho utakachomwulizia mzee swali naye asikasirike.

Liko swali gumu zaidi, nalo ni la fedha za anayepigwa. Filamu ya msanii ikionyeshwa mbali, aliyeitengeneza husafiri, hula hotelini, na hupewa makofi. Msanii je? Mimi naona mapatano yaandikwe kabla ya kamera kufunguliwa, kwa lugha ambayo mzee anaielewa, yakisomwa mbele ya watoto wake, na nakala ya filamu ibaki kijijini. Si jambo kubwa. Hata anayekodi trekta kulima shamba la korosho huandikiana na mwenye trekta. Mtengeneza filamu asiyekubali jambo hili asipewe hata kiti cha kukalia.

Mwenzangu mmoja aliniambia, "Wewe wataka kupiga filamu za wazee kwa sababu huna alama za sayansi." Alama zangu za sayansi ziko ukutani kwa kila mwenye macho. Lakini hata kama maneno yake yangekuwa kweli, ni hoja gani hiyo? Je, twadhani kazi ya kukumbuka wapewe waliobaki baada ya wengine kuchagua? Mimi nadhani ni kinyume. Mtu wa kazi hii yampasa awe mwepesi wa kuelewa, mzito wa kusema, na mwaminifu wa fedha na siri za watu. Watu wa namna hiyo ni haba hata miongoni mwa madaktari.

Najua simu haziruhusiwi shuleni, na sina nia ya kuanzisha ugomvi juu ya sheria hiyo katika gazeti. Kazi yaweza kuanza bila kamera. Nimemwomba mwalimu mlezi wa chama chetu cha Historia ruhusa, naye amekubali, ya kwamba Jumamosi ya kwanza baada ya mitihani ya majaribio watu sita waende kwa fundi mmoja wa ngoma aliye karibu na shule, wakiwa na daftari na kalamu. Twataka kujua ngozi hukaushwa siku ngapi, mti wa ngoma hukatwa mwezi gani na kwa nini, na ni nani aliyemfundisha. Tutamwuliza kwanza yale ambayo hataki tuyaandike, ili tuyaache. Nafasi nne zimekwisha jazwa. Anayetaka mojawapo ya mbili zilizobaki na aniletee jina lake bweni la tatu, kitanda cha mlangoni, kabla ya kengele ya kulala. Waliokwenda likizoni vijiji vya Marambo watapendelewa, maana wanajua njia, na mzee hupenda kuamkiwa kwa Kimwera.